Ahadi ya Ndoa Mbele ya Majaji wa India

Ahadi ni deni, twasema, na deni mahali pake ni mahakama ya madai. Aliyekopa asilipe hushitakiwa, huamriwa alipe, na akishindwa mali yake hupigwa mnada. Hafanywi mwizi, maadam siku aliyokopa alikuwa na nia ya kulipa. Lakini iko ahadi moja ambayo katika nchi ya India, kwa miaka mingi, aliyeitoa kisha akaivunja ameweza kujikuta kizimbani akijibu shitaka la kubaka. Ahadi hiyo ni ya kuoa. Kijana amwambia binti, nitakuoa. Binti akubali kulala naye kwa kuwa ameahidiwa. Siku zapita, kijana aoa kwingine, au akana kabisa kwamba aliwahi kusema neno kama hilo. Na binti, mara nyingi akiwa na mimba, aenda polisi. Je, usiku ule aliporidhia, aliridhia kweli? Au ridhaa iliyopatikana kwa uongo si ridhaa?

Mimi si mwanasheria. Nilikuwa karani wa mahakama, kazi yangu kunakili na kutafsiri, na mtu aliyenakili hukumu kwa miaka thelathini hujifunza jambo moja ambalo pengine hata mawakili hawana nafasi ya kulijua: akifika ukurasa wa tatu huwa amekwisha kutambua nani atashinda. Halijui hilo kwa sheria, bali kwa namna jaji anavyowaeleza watu. Kwa hiyo hukumu za India juu ya ahadi ya ndoa nimezisoma kama mtu asomavyo maandishi ya mtunzi, nikitazama nani anasifiwa, nani anapitwa haraka, na ni swali gani ambalo mtunzi haliulizi.

Msomaji asidhani kwamba jambo hili ni la mbali mno. Kanuni ya Adhabu ya India, ambayo tume ya Macaulay iliiandika rasimu yake hata ikakamilika mwaka 1837, ikapitishwa mwaka 1860 na kuanza kutumika mwaka 1862, ilivuka bahari pamoja na wakoloni. Kenya na Tanganyika ziliitumia hadi zilipotungiwa kanuni zao mwaka 1930, na Zanzibar hadi mwaka 1934. Babu zetu walioshitakiwa mbele ya mahakimu wa Kiingereza katika miaka ile walishitakiwa kwa maneno yaliyoandikwa kwa ajili ya Calcutta na Bombay. Hivyo nikiisoma sheria hii najihisi kama mtu anayesoma barua ya ukoo iliyobaki nyumba ya pili.

Sheria yenyewe nitaieleza kwa ufupi, maana bila yake mengine hayataeleweka. Kanuni ile ilikuwa na kifungu cha 375 kinachoeleza kubaka ni nini. Ndani yake umetajwa udanganyifu wa aina moja tu, nao ni wa mwanamume anayejua kwamba yeye si mume wa mwanamke yule, ilhali mwanamke amekubali kwa kumdhani kuwa ndiye mumewe. Mbali huko, katika sura nyingine, kilikuwapo kifungu cha 493, kinachomwadhibu mwanamume anayemhadaa mwanamke aamini kwamba wamekwisha kuoana kisheria na wakaishi kama mke na mume, kumbe ndoa hakuna. Kifungo chake kilifika miaka kumi. Maana yake, waandishi wa mwanzo waliujua vizuri udanganyifu wa mapenzi, wakaujengea chumba chake. Ahadi tupu ya kuoa baadaye hawakuijengea chumba.

Iliingia kwa mlango wa kifungu cha 90. Hiki hakihusu wanawake wala ndoa. Ni kifungu cha jumla kinachosema kwamba ridhaa haihesabiki kuwa ridhaa ikiwa imetolewa kwa hofu ya kudhuriwa au kwa kulielewa visivyo jambo la hakika, na ikiwa yule aliyetenda alijua, au alikuwa na sababu ya kuamini, kwamba ridhaa ile ilitokana na hofu hiyo au kutoelewa huko. Hapa pana tatizo ambalo mtoto wa shule angeliona. Jambo la hakika ni lile lililopo. Ndoa ya mwakani haipo. Itakuwaje mtu ailewe visivyo? Majaji walitoka kwenye shimo hilo kwa kusema kwamba kitu kilichopo ni nia. Kama kijana alipotamka ahadi hakuwa na nia ya kuitimiza, basi binti alidanganywa juu ya jambo lililokuwapo siku ileile, yaani moyo wa kijana. Kama nia alikuwa nayo kisha akabadilika, au akashindwa, hiyo ni ahadi iliyovunjika tu, nayo si jinai.

Kwa mantiki sina ugomvi nao. Lakini tazama walichojitwika. Kazi yao yote imekuwa kuchungulia ndani ya moyo wa mtu, kama ulivyokuwa usiku mmoja miaka kumi iliyopita, mashahidi wakiwa wawili tu, na kila mmoja ana sababu ya kusema vile anavyosema. Kwa kuwa moyo hauonekani, majaji wameutafuta mahali pengine. Na mahali walipoutafuta mara nyingi si kwa mwanamume. Ni kwa mwanamke.

Hukumu ya Mahakama Kuu ya Calcutta iliyochapishwa mwaka 1984 ndiyo iliyofungua njia. Mwanamume alikuwa mwalimu wa shule ya kijijini, akizoea kuingia nyumbani kwa akina binti; akaahidi ndoa, mimba ikaingia, naye akajitenga. Mahakama ilisema kwamba msichana aliyekomaa, akikubali kulala na mwanamume kwa ahadi ya ndoa na akaendelea hivyo hadi kushika mimba, huo ni ulegevu wa tabia yake mwenyewe, wala hakupotoshwa juu ya jambo la hakika. Sentensi hiyo imenakiliwa katika hukumu nyingi zilizofuata, pamoja na ile lawama yake ya tabia, kana kwamba ni kanuni ya hesabu. Ndivyo maneno yasafirivyo mahakamani. Karani hunakili, wakili hunukuu, jaji hukubali, na baada ya miaka ishirini hakuna anayekumbuka kwamba ilikuwa hasira ya mtu mmoja.

Mwaka 2003 suala lilifika Mahakama ya Juu kutoka jimbo la Karnataka, na hukumu hiyo ndiyo ninayotaka kukaa nayo, kwa sababu imeandikwa kwa ustadi na kwa upole, na kwa hiyo inahitaji kusomwa kwa uangalifu zaidi kuliko ile ya Calcutta. Binti alikuwa na umri wa miaka kumi na tisa hivi, mwanafunzi wa chuo. Kijana alikuwa jirani, rafiki wa kaka yake. Alipomwambia anataka kumwoa, binti alimjibu kwamba haiwezekani, wao ni wa tabaka mbalimbali za kuzaliwa. Kijana akashikilia. Mapenzi yakakua, yakafika yalipofika, mtoto akazaliwa mwaka 1989, na ndoa haikuwapo. Mahakama ya chini ilimtia kijana hatiani, Mahakama Kuu ya jimbo ikakubali, na Mahakama ya Juu, baada ya miaka kumi na minne tangu polisi wapokee malalamiko, ikamwachia huru.

Kwa nini? Mahakama ilisema kwamba binti alikuwa na akili ya kutosha kuelewa uzito wa tendo alilolikubali. Alijua kuwa ni wa tabaka tofauti. Alijua kwamba pendekezo la ndoa lingepingwa vikali na jamaa wa pande zote mbili. Kwa kuwa aliyajua hayo, alijua pia kwamba ndoa huenda isitimie, na bado akakubali. Basi alikubali kwa mapenzi, si kwa sababu ya ahadi peke yake. Tena, waliongeza, hakuna ushahidi kwamba kijana alijua kuwa binti ameridhia kwa sababu tu ya ahadi.

Ukiisoma mara ya kwanza unaona busara. Majaji wanakataa kumfanya binti kuwa mtoto. Wanasema mtu mzima anaweza kupenda na kujihatarisha kwa hiari yake. Wanakiri pia, na hili nawapa heshima yake, kwamba hakuna kipimo kimoja cha kupimia kesi zote. Lakini isome mara ya pili. Binti alileta hoja ya tabaka kama sababu ya kukataa. Kijana ndiye aliyemwambia asijali. Maneno yale ya binti, ambayo kwa mtu wa kawaida ni dalili kwamba alihitaji uhakika wa ndoa kabla ya kukubali lolote, mahakamani yaligeuzwa kuwa ushahidi dhidi yake: ulijua. Ubaguzi wa jamii nzima, ambao kijana aliahidi kuushinda, ukawa ndio kinga yake aliposhindwa. Kama kijana angempenda binti wa tabaka lake mwenyewe, ambapo hakuna kizuizi, kinga hiyo asingekuwa nayo. Kwa hiyo kadiri mwanamke anavyotenganishwa na mwanamume na desturi za watu, ndivyo ahadi aliyopewa inavyopungua thamani mbele ya sheria. Sidhani majaji walitaka kusema hivyo. Lakini ndivyo hukumu inavyosema.

Tena angalia sifa ile ya akili. Baada ya kusoma hukumu kadhaa niliona kwamba kila mahakama inapoanza kuisifu akili ya mwanamke, amekwisha kushindwa. Mwaka 2023 ilikuja kesi kutoka Delhi ya mwanamke aliyekuwa ameolewa, mama wa watoto watatu, aliyemwacha mumewe kwa ajili ya mwanamume aliyemwahidi ndoa na kuzaa naye mtoto. Mahakama ya Juu ikamwachia mwanamume huyo, ikaeleza kwamba mwanamke alikuwa mtu mzima mwenye ufahamu wa kutosha kujua matokeo ya alichokuwa akikifanya. Kwa matokeo ya kesi hiyo naafikiana nao. Ni vigumu kuita uhusiano wa miaka mingi wa namna ile kubaka. Ninachokilaumu ni njia. Mwenye akili anaweza kudanganywa, na wenye akili ndio wanaodanganywa kwa fedha nyingi zaidi, waulize watu wa benki. Hakuna hakimu anayemwambia mfanyabiashara aliyetapeliwa kwamba kwa kuwa amesoma, tapeli aende nyumbani. Mwanamke huyu peke yake ndiye anayetakiwa, ili apate haki, kwanza akubali kuitwa mjinga.

Na walioshinda? Mwaka 2006, katika kesi ya Andhra Pradesh, hatia ya mwanamume ilithibitishwa. Msichana alikuwa mdogo, wa miaka kumi na mitano au kumi na sita. Baraza la wazee wa kijiji liliitishwa, kijana akakiri mbele yao na kukubali kumwoa, kisha akatoroka. Mahakama ilimweleza kama msichana dhaifu aliyeshawishiwa kwa muda mrefu. Hukumu ni ya haki, naipokea; ila ushindi wake ameununua kwa kuelezwa hivyo. Miaka miwili kabla yake msichana wa Bihar, wa umri kama huohuo, alishindwa. Huyo Mahakama ya Juu ilimwona ameridhia, na kijana akaachiwa. Lakini majaji, nadhani kwa kutoridhika na walichokifanya, waliona kwamba kijana alistahili kubeba gharama ya ahadi aliyoivunja, na wakili wake akakubali alipe rupia 50,000. Natazama rupia zile kwa mshangao. Ni mahakama ya jinai, imemwambia mtu hana hatia, kisha inapokea fidia kutoka kwake. Mahakama ilikuwa ikitafuta chumba ambacho nyumba yake haikuwa nacho.

Kesi ya Haryana ya mwaka 2013 ningependa msomaji aijue kwa sababu ya kituo cha mabasi. Binti wa miaka kumi na tisa aliondoka kwao kwa hiari, akafuatana na kijana hadi Kurukshetra, wakakaa siku kadhaa, kisha wakashika njia ya Ambala wakafunge ndoa mahakamani. Polisi wakawakamata kwenye stendi ya mabasi. Kijana alikuwa njiani kuitimiza ahadi yake, akafungwa kwa kuivunja! Mahakama ya Juu, kwa kalamu ya Jaji Chauhan, ilimwachia, na ikaandika kwa ufasaha tofauti kati ya ahadi ya uongo na ahadi iliyoshindikana. Lakini kijana alikuwa amekwisha kukaa gerezani zaidi ya miaka mitatu. Ni nani hasa aliyekuwa mlalamikaji hapo? Mwaka 2014 gazeti la The Hindu lilichunguza hukumu za kesi za kubaka zilizotolewa na mahakama za wilaya za Delhi mwaka uliotangulia. Katika kesi zilizosikilizwa kikamilifu, takriban robo zilihusu ahadi ya ndoa, na nyingine nyingi zaidi zilikuwa za vijana waliotoroka pamoja, wazazi wa binti wakaenda polisi. Ukijua hilo, unaanza kusikia sauti ya baba nyuma ya maneno ya binti, na wakati mwingine sauti ya baba wa kijana nyuma ya ahadi iliyovunjika.

Huyu baba wa kijana namwona kila mahali katika hukumu hizi, ingawa ni nadra kuitwa shahidi. Mwana anasema, nilitaka kumwoa lakini wazazi walikataa. Mahakama nyingi zimekubali hilo kuwa dalili ya nia njema iliyozuiwa. Mimi nauliza, kijana aliyekulia katika nyumba ile, anayejua kwamba hatathubutu kumkabili baba yake, akisema nitakuoa, alikuwa na nia au hakuwa nayo? Binti anaambiwa kwamba alijua jamaa watapinga. Kijana je, hakujua? Kwa binti kujua ni kosa, kwa kijana ni udhuru. Pamoja na hayo sitaki msomaji anielewe vibaya. Woga si uongo, na sidhani mtu apewe miaka kumi kwa kumwogopa baba yake.

Mwaka 2019 Mahakama ya Juu ilitoa hukumu mbili katika muda wa miezi mitano, na ukiziweka pamoja unaona kwamba njia bora ilikuwapo. Ya kwanza, ya Aprili, ilitoka Chhattisgarh. Mwanamume alikuwa daktari. Mwanamke hakuwa mjinga wala mtoto, alikuwa akisomea famasia, na walikuwa wakijuana kwa miaka. Hapo mahakama haikupima akili yake. Ilitazama mwenendo wa daktari: wakati anaahidi, ndoa yake na mwanamke mwingine ilikuwa imekwisha kupangwa, naye akamwoa huyo mwingine baada ya majuma machache tu. Hatia ikathibitishwa, kifungo kikapunguzwa kutoka miaka kumi hadi saba. Unaweza kubishana juu ya miaka saba, lakini ushahidi ni ushahidi. Moyo haukuchunguliwa kwa kubahatisha. Ulisomwa katika matendo na tarehe.

Ya pili, ya Agosti, ilitoka Maharashtra, na aliyeiandika ni Jaji Chandrachud. Mwanamke alikuwa afisa wa kodi, wa jamii zile ambazo zamani ziliitwa zisizoguswa. Mwanamume afisa wa kikosi cha polisi wa akiba cha serikali kuu. Walijuana tangu mwaka 1998, ahadi ikatolewa mwaka 2008, na mwaka 2014 mwanamume akaanza kusema kwamba tabaka lake mwanamke ni tatizo. Mwaka 2016 akachumbia kwingine. Mahakama ilifuta mashitaka kabla hayajasikilizwa. Ikaweka vigezo ambavyo sasa hunukuliwa kila mahali: ahadi iwe ya uongo tangu ilipotolewa, kwa nia mbaya, na uongo huo uwe ndio hasa uliomfanya mwanamke aamue. Ni vigezo safi, navyo vimewaokoa wengi wasifungwe kwa mapenzi yaliyokufa. Kwa hukumu ya jinai sioni kosa, kwa sababu mtu hawezi kudumisha uongo mmoja kwa miaka yote hiyo bila chembe ya ukweli ndani yake. Lakini nilipoifunga ile karatasi nilibaki na yule afisa wa kodi. Mwanamume alimjua kwa miaka kumi na sita kabla hajagundua tabaka lake! Hukumu inampita kwa heshima, haraka, kama msafiri anayepita karibu na nyumba yenye msiba.

Mpwa wangu, anayesomea sheria na ndiye aliyenichapishia hukumu hizi, hakubaliani nami. "Mjomba," aliniambia, "wewe unataka jaji amhurumie mwanamke. Mimi sitaki huruma. Mimi nataka sheria iniache. Leo wakimfunga mtu kwa kuwa hakunioa, kesho watasema mwili wangu bei yake ni ndoa." Nilimjibu kwamba hapo tuko pamoja, na kwa kweli maneno yake yamenitia kufikiri kuliko mengi ya majaji. Maana kesi hizi haziwezekani pasipo jamii inayoamini kwamba mwanamke aliyeguswa na asiolewe ameharibika. Mwanamke wa India anayekwenda polisi mara nyingi hamlilii mwanamume yule. Analilia nafasi yake ya kuolewa, heshima ya dada zake, na uso wa mama yake sokoni. Sheria, badala ya kuiambia jamii hiyo kwamba hakuna kilichoharibika, inakuja na pingu kumsaidia kudai bei. Na inapokataa kumsaidia, inamwambia kwamba aliiuza rahisi kwa kujua. Kwa vyovyote vile, bei imebaki palepale.

Hata hivyo mpwa wangu ananipa shida moja. Uongo ni uongo. Mwanamume ambaye amekwisha kupanga harusi kwingine, akamwambia mwanamke nitakuoa ili alale naye, amemtumia mtu kama chombo. Hilo likiachwa bila jina, tumewapa walaghai ruhusa. Kwetu hatusemi kwamba mtu huyo amembaka, tunasema amemchezea. "Kamchezea mtoto wa watu," na kila aliyepo barazani anaelewa kwamba pametendeka ubaya, na kwamba ubaya huo si ule wa aliyemvizia mtu njiani. Lugha yetu ina daraja la katikati. Kanuni ya India haikuwa nalo, na kwa miaka mingi mlango ulikuwa mmoja: ama kubaka, ama hakuna kosa. Tangu mwaka 2018 adhabu ya chini kabisa ya kubaka ikawa miaka kumi. Jaji mwenye moyo, akiiona miaka kumi mbele yake, atatafuta kila namna ya kusema kwamba mwanamke alikuwa na akili ya kutosha.

Daraja hilo sasa limetungwa. Kanuni mpya, iitwayo Bharatiya Nyaya Sanhita, ilipitishwa mwaka 2023 na kuanza kutumika tarehe 1 Julai 2024 badala ya ile ya Macaulay. Kifungu chake cha 69 kinasema kwamba mwanamume anayelala na mwanamke kwa njia za hadaa, au kwa kuahidi ndoa bila nia ya kuitimiza, pasipo tendo hilo kufikia kubaka, ataadhibiwa kwa kifungo kisichozidi miaka kumi, na faini. Kiwango cha chini hakikuwekwa. (Wasomaji wa Tanzania watatabasamu nikiwaambia kwamba Sheria yetu ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo ni katika kifungu cha 69 inapompa aliyevunjiwa ahadi ya ndoa haki ya kudai fidia. Namba ni ileile, mlango ni mwingine: wetu ni wa madai, na kila aliyeumizwa, mume au mke, anaweza kuubisha.)

Nakikubali kifungu kwa nusu. Kumtoa mlaghai katika kundi la wabakaji ni kuheshimu maneno yote mawili. Ila waandishi wake wameyabeba yaleyale ya zamani. Nia bado ndiyo itakayotafutwa, na hakuna neno linalomwambia jaji aitafute wapi. Hakuna kinachomzuia kurudi kuipima akili ya mwanamke. Tena wameongeza maelezo kwamba hadaa ni pamoja na kuahidi kazi kwa uongo, kuahidi kupandishwa cheo, na kuoa kwa kuficha utambulisho. Kazi na cheo ni sawa kabisa, na laiti wangelianza na hayo, maana bosi anayeahidi cheo ana nguvu ambayo mchumba hana. Lakini kuficha utambulisho ni maneno mapana mno katika nchi ambayo ndoa za watu wa dini mbili zimefanywa suala la siasa. Kijana Mwislamu aliyependana na binti wa Kihindu, siku jamaa watakapokasirika, atajikuta anaulizwa alijitaja kwa jina gani siku ya kwanza walipokutana. Nikikumbuka ile stendi ya mabasi ya Ambala, na nani hasa aendaye polisi, sina raha na maneno hayo.

Kwa sasa sheria zote mbili zinafanya kazi bega kwa bega. Kosa lililotendwa kabla ya tarehe 1 Julai 2024 linaamuliwa kwa kanuni ya zamani, na lililotendwa baadaye kwa mpya. Na kwa jinsi mafaili yanavyokaa katika mahakama za India, majaji watakuwa wakizisoma zote mbili kwa miaka mingi. Kijana yuleyule, kwa maneno yaleyale aliyomwambia binti yuleyule, ataweza kujibu shitaka la kubaka au shitaka la hadaa, na karani atakapofungua faili jambo la kwanza atakalolitafuta ni tarehe.